Geuza Kwanza

Shangazi Somoe hamwamini uyoga kwa kumtazama usoni.
"Geuza kwanza," husema,
na kile kidole chake kisicho na kucha
hupita chini ya kofia, kikihesabu kurasa.

Lakini siku ile, Rondo, wiki ya pili ya mvua,
korosho zimeshapimwa ghalani na sisi tumefuata kuni,
alichuchumaa mbele ya tawi lililolala
akasema: huu hauna cha kugeuza.
Uko wazi tangu alfajiri.

Tazama unapokaa. Hautoki udongoni.
Umeshika mti uliooza, ule unaokatika bila kelele.
Shingo yake njiti ya kiberiti,
juu yake kikombe kisichotosha kijiko cha chai,
ndani laini, rangi ya ufizi wa mtoto mchanga,
nje kimepauka,
na ukingoni (inama, liweke jua mbele yako)
vinywele, kama kope.
Humo mvua imebaki, na siafu mmoja amezama.

"Unalika?"
"Sijamwona aliyekula. Sijamwona aliyekufa.
Uache papo hapo."

Kisha akamwaga yale maji kwa ncha ya jani.
"Puliza. Polepole, kama unapoza uji. Sasa ngoja."

Nikangoja.
Kikombe kikafuka.
Moshi bila moto, mwembamba, mara moja tu,
ukapanda ukapotelea kwenye mkono wa gauni lake.

"Mama alisema kinatoa na sauti. Sss.
Sikio langu hili liliondoka na kwinini,
na hili jingine lina mambo yake.
Hebu nisikilizie."

Nikalala kifudifudi juu ya majani yaliyolowa,
nikapuliza kikombe cha pili, nikatega.
Nilisikia matone. Nilisikia ngedere wakigombana.
Nilisikia damu yangu mwenyewe.

Nikainua macho: mdomo wake ulikuwa wazi,
unangoja kujazwa.

"Ndiyo, shangazi," nikasema.
"Kama chumvi inapoangukia kaa."

Lile tawi hatukulichukua.
Njia nzima mpaka kwa Binti Nangomwa
alitangaza kwa ile sauti ya wasiosikia:
"Amekisikia! Huyu amekisikia!"

Tangu hapo, kila mvua zikianza,
nalala chini pale pale, gauni likilowa,
napuliza, nakiona kinafuka,
natega sikio.
Nadaiwa sss moja.