Senti Kumi Chini ya Kiti

Shemasi amekuja na daftari,
kalamu mbili mfukoni, ya buluu na nyekundu.
Yubilei inakaribia, kijitabu kinatakiwa.
"Mama Kalunde, kanisa kuu lilianza lini?"

Lilianza kama ghala, namwambia.
Nta na asali vilishushwa hapa kutoka Sikonge,
vikingoja behewa la kwenda pwani.
Njoo Januari, mvua ikigonga bati:
ukuta wa kaskazini bado unanuka nyuki.
Kisha makarani wa reli wakaomba funguo,
wakaweka meza, wakaweka msalaba wa mkurungu,
wakaimba zaburi huku injini ikipanga mabehewa.
Hilo lilikuwa kanisa tu. Halikuwa kuu.

Andika hivi: ukuta haulifanyi kanisa kuwa kuu,
wala mnara, wala kengele.
Ni kiti.
Barua ilifika na treni ya Jumatano:
mnapata askofu, tayarisheni atakapokaa.
Wazee wakakuna vichwa. Mafundi wetu walikuwa wawili,
mmoja yuko Urambo kwenye mabani ya tumbaku,
wa pili mikono inatetemeka, na sababu tunaijua.
Wakavuka barabara hadi Kanyenye
kwa Sefu Mrisho, fundi wa vitanda.

Ilikuwa Ramadhani.
Alichonga mninga siku kumi na tisa, midomo mikavu,
akitema vumbi la mbao, mate asiyameze.
Hakuuliza askofu ni nani. Aliuliza kimo chake.
Hakuna aliyejua.
Basi akakisia mtu wa kusikiliza watu:
mgongo wima, mikono ipate pa kuchokea.

Siku ya kusimikwa, kiti kikacheza.
Askofu akakaa: ko.
Akainama kuomba: ko.
Watoto wakaziba midomo kwa viganja.
Sefu alikuwa nje, dirishani, na kofia yake ya vito.
Akampenyezea mama yangu senti kumi,
ile ya zamani yenye tundu, iliyokwisha kufa dukani.
Mama akaisukuma chini ya mguu wa nyuma, kushoto.
Ikanyamaza.

Tangu hapo mji mzima: kiti cha njaa.
Mtu akipunja mchele sokoni,
"Umepima kwa saumu ya Sefu?"
Alizeeka na neno hilo. Alizikwa nalo.

Maaskofu watatu wamekikalia.
Majina yao yako kwenye marumaru pale mlangoni,
utayanakili mwenyewe.
Mimi nimefagia miaka thelathini na minne.
Kila Jumamosi nainua kiti, nafuta, narudisha senti.

Mwaka jana wakaja watu wa vigae.
Wakabomoa saruji ya ghala, wakavuta uzi, wakalaza pima maji.
Sakafu ikatulia kama maji ya mtungini.
Nikarudisha kiti. Nikarudisha senti.
Ko.
Nikaitoa senti.
Kimya.
Nikakaa palepale chini, ufagio mapajani,
kengele ya mchana ikanipita.

Nilikwenda Kanyenye, senti nimeifunga kwenye pindo la khanga.
Mwanawe, Hamdani, alikuwa anapiga randa.
Hakushangaa.
"Baba alijua. Alirudi usiku ule baada ya futari na pima maji yake.
Kiti hakina kosa. Sakafu iliinamishiwa mlangoni
ili asali ikimwagika itafute njia.
Lakini utamwambiaje mtu, siku anayohamia,
kwamba nyumba yake imepinda?"
Akapuliza randa.
"Mama yako ndiye aliyemshikia taa."

Mama yangu.
Aliyecheka na wenzake kisimani, kiti cha njaa, kiti cha njaa.

Shemasi ameacha kuandika zamani.
Anakitazama kiti, anatazama daftari.
Kijitabu kina kurasa kumi na mbili, anasema,
na sita ni picha.
Nimesoma alichoandika, kichwa chini miguu juu:
Kiti ni cha mninga, kilitengenezwa hapa mjini.
Ongeza jina, nikamwambia.
Akabadilisha kalamu,
akachukua nyekundu.