Mkono Kooni

Mama alisuka tabaga hapa Bombo,
kawa za kufunikia vyakula vya harusi,
duara juu ya duara, ukindu mwekundu, ukindu wa zambarau,
akinichapa vidole kila nilipoacha pengo.
Sikujua ananifundisha mbavu za zimwi.

La kwanza nililitoa kwenye fenesi.
Nililikandamiza juu ya udongo wa kinamasi,
nikamimina raba ya maji, nikangoja siku mbili za mawingu,
nikabandua ngozi yenye vipele,
yenye harufu ya utamu uliochacha.
Macho: gololi mbili za mpwa wangu, ananidai hadi leo.
Kope: tyubu ya pikipiki.
Udenda: bamia. Zichemshe, usizikoroge sana.
Hilo la bamia hutalipata popote, nakupa bure.

Kazi hii haina jina kwenye fomu za benki.
Naandika "fundi".
Fundi wa nini? karani anauliza, kalamu hewani.
Wa viumbe visivyokuwapo.
Akanitazama viganja, akaandika: seremala.

Tulipiga picha mafunjoni, usiku, jenereta ikikohoa.
Mwongozaji, Kiggundu, kijana wa kompyuta,
alisema, "Likikwama, tutalichora baadaye."
Mimi nilikuwa chali kwenye tope,
mkono wa kulia umezama kooni mwake hadi begani,
wa kushoto umeshika waya wa breki ya baiskeli.

Kyokusiima alikuwa ameambiwa aogope.
Mara sita aliogopa kama mtu anayesubiri mshahara.
Mara ya saba ruba alinishika shingoni,
mkono ukashtuka,
na zimwi likapepesa jicho moja,
moja tu,
polepole, kama mtu aliyekukumbuka.
Hakupiga kelele yule binti.
Alirudi nyuma hatua moja, akaificha mikono yake mgongoni.
Hata vyura walinyamaza.
Hakuna aliyekumbuka kusema "kata".

Ukumbini majina yalipanda
watu wamekwisha washa simu, wanaita boda.
Langu, Fadimula, lilikosewa: nikawa Fatuma.
Nilipiga makofi peke yangu
kwa niaba ya Fatuma.

Sasa linakaa stoo, nyuma ya magunia ya kahawa.
Kila kiangazi kinaondoka na kidole kimoja,
raba inakauka, inapasuka mikunjoni kama kisigino.
Kuku mmoja hutaga mdomoni mwake.
Nikivuta waya, jicho linafunguka,
kuku hageuki.

Juzi Mama aliomba apelekwe alione.
Macho yake yamefifia, haoni hata mlango,
basi alilisoma kwa vidole: taya, shingo,
ubavu mmoja baada ya mwingine, duara juu ya duara,
midomo ikihesabu.
Kwenye ubavu wa tisa akasimama.
Akaingiza kidole gumba penye pengo.
Akautafuta mkono wangu gizani
akanichapa.