Bei ya Merikani

Kabla haijawa nchi, Marekani ilikuwa nguo.
Hapa Mikindani iliingia kwa jora,
nyeupe, ngumu, isiyo na maua wala methali,
ikapimwa kwa mkono, kiwiko hadi ncha ya kidole,
na mwenye mkono mrefu ndiye aliyetumwa dukani.

Yamo kwenye daftari la Mfaume bin Athmani,
karani wa Banyani, babu wa bibi yangu.
Nalificha kwenye bati la biskuti,
maana mchwa wa Mitengo hawajui kusoma
lakini kurasa wanazimaliza.
Mimi fundi cherehani. Herufi zake za Kiarabu nazipitia polepole,
kama ninavyofumua mshono wa mtu mwingine.

Mfungo Mosi, 1277. Jora moja, reale tatu kasorobo.
Huku watu wanakula Idi, wanafyatua baruti uwanjani;
ng'ambo mizinga ya kweli imeanza,
nchi imepasuka, ndugu anamlenga ndugu,
na rais wao mpya, mtu mrefu mwenye mashavu yaliyobonyea,
hajazoea hata kiti.
Mfaume hakuyajua. Ameandika: baruti, ratli mbili.

Halafu reale nne. Nne na robo. Tano na nusu.
"Merikani haiji," basi,
kama mtu anavyosema mvua haiji.
Manowari zilikuwa zimeziba bandari za pamba,
na mjane wa Mikindani akamfunika mumewe
kwa nguo ya Mwingereza iliyoshiba wanga,
ikigusa maji inabaki utando wa buibui.
Wasemao wapiganapo tembo huumia nyasi
hawakusema nyasi zenyewe ziko umbali gani.

Rajabu, 1279. Ukurasa huu nauogopa.
Siku ya kumi ya mwezi huo yule mrefu alitia saini:
watumwa wa majimbo yaliyoasi wawe huru.
Mwezi huo huo, kwa wino mweusi vile vile,
Mfaume anaorodhesha msafara ulioshuka kutoka Nyasa:
pembe kumi na moja;
sandarusi, frasila sita;
watu kumi na wanne.
Na mmoja wao:
*Sikujua, mwanamke, Myao, meno mazima.
Doti tisa za kaniki, kwa kuwa merikani imepanda.*

Kwa kuwa merikani imepanda.

Sikujua ndiye aliyemzaa mama wa bibi yangu.
Karani alimchukua nyumbani kwake,
kwa hiyo mkono ulioandika na jina lililoandikwa
wote wamo katika vidole hivi vinavyotunga uzi.
Siwezi kumtemea mmoja mate yasinirudie.

Ile karatasi haikufika Mikindani.
Haikuandikiwa Mikindani.
Kwao wenyewe, wapo walioisikia
miaka miwili na nusu baadaye.
Habari ya uhuru hutembea kwa miguu; bei hupanda farasi.

Mfungo Pili, 1281. Vita vinamalizika kule,
rais anakwenda na mkewe kutazama mchezo,
anapigwa risasi ya kisogo katikati ya kicheko.
Nasikia alikalia kiti cha kubembea.
Mbao za kwao ziling'arishwa kwa sandarusi ya kwetu,
iliyochimbwa kwenye mchanga mwekundu nyuma ya Lindi,
yenye vipele kama ngozi ya kuku aliyenyonyolewa.
Labda na kiti kile. Labda. Siapi.

Mfaume, mwezi ule: "Majora mawili yamekuja. Bei imelegea."

Jana kijana kaniletea fulana ya mtumba,
bendera yao kifuani, nyota zimeanza kubanduka.
Anataka nimpunguzie mbavuni.
Nikafungua daftari langu, nikamuuliza jina,
kisha la baba, kisha la babu,
kisha mama yake ni wa wapi.
Akacheka: "Fundi, ni fulana moja tu."
Nikaandika yote.