Fremu Kumi na Tisa

Barua imetoka Bristol, mwandiko wa binti yake:
Baba alifariki Machi. Je, unayo picha yake yoyote
ya miaka ile ya Mwanza?

Nimepekua sanduku zima. Sina.
Miaka arobaini Leonard Pask alikata picha za watu,
polisi na wezi wa kubuni katika televisheni ya kwao,
mapishi, mechi, mazishi ya wakubwa,
na mwisho wake hapa, Mtaa wa Lumumba,
chumba cha juu ya duka la vitenge la Jivraj:
filamu ya wavuvi wa sangara, mikanda sitini na mitatu,
na hakuna aliyemgeuzia kamera.

Mimi nilikuwa mshika mabaki.
Vipande alivyovikataa nilivitundika misumarini,
kila kimoja na namba yake kwa penseli ya nta.
Umeme ukikatika tulifungua dirisha;
Ziwa likaingia na harufu ya Kirumba,
na wadudu wake, wingu zima, wakajibandika kwenye gundi.
“Hawa nao wanataka kuwemo,” alisema
kwa Kiswahili chake cha kuchechemea.

Siku moja mjane wa Igombe alikuwa akilia mashineni.
Nilisubiri chozi lifike kidevuni.
Pask akakata likiwa bado jichoni.
Mbona unamnyang’anya?
“Milembe, lililobaki ni la mtazamaji.”

Filamu ilipotoka, mama aliitazama
hadi majina yalipopanda mbio, nusu yake asiyasome.
“Na ninyi mlikuwa wapi humo?”
Nilikunja khanga, nikafunua, nikakunja.
Nani husifia mshono?

Leo nakata harusi za Nyakato kwa kompyuta:
keki, kwaya, shangazi na noti zake mkononi.
Chozi bado nalikata jichoni. Wateja hulalamika.

Kisha jana, ndani ya kopo la kahawa, kipande.
Nikakumbuka: mshika kibao aliugua malaria,
Pask akakishika yeye, asubuhi moja tu, ufukweni.
Nimekiinua dirishani, Ziwa nyuma yake.
Kidole gumba. Mkono wa shati. Nusu ya sikio.
Fremu kumi na tisa; sekunde haijatimia.

Nimemtumia binti kumi na mbili.
Saba nimebaki nazo.
Nilikata kwenye sikio, mahali pabaya.
Angenigombeza.