Saa Tisa

Niliita jina mara tatu.
Ya kwanza mlangoni: Perisi Mbeleje.
Ya pili pale kwenye ngazi,
mawakili walipolipa jua mgongo, simu masikioni.
Ya tatu nilitoka mpaka kwenye bomba la maji
nikaita kwa sauti ya kuitia ng'ombe:
Perisi Mbeleje, mrufani, Perisi Mbeleje!
Upepo wa Julai ukanijaza vumbi mdomoni.
Hilo ndilo lililoitika.

Nikarudi. "Mheshimiwa, hayupo."
Mheshimiwa akatazama saa ya ukutani,
ile inayokwenda mbele dakika nne na hakuna wa kuirekebisha.
Wakili wa mjibu rufaa akasimama, akafunga kifungo cha koti,
akaomba kile ambacho sheria inamruhusu kukiomba.
Chai yangu ilikuwa bado ya moto.
Rufaa inatupwa, kwa gharama.
Nikaandika. Kalamu yangu haijawahi kusita kwenye neno hilo:
inatupwa,
kama uwele unavyorushwa juu ya ungo.
Ila kwenye ungo, punje hurudi.

Ndani ya jalada zimo ekari mbili na robo, Mpunguzi,
mizabibu mia tatu na kumi, marehemu mumewe aliyeipanda,
shemeji, na mpaka wa minyaa uliong'olewa usiku mmoja.
Zimo sababu tano za rufaa.
Ya nne iliandikwa na mtu aliyezoea barua za kanisani:
Kwamba, kwa masikitiko, Baraza halikwenda kuona visiki.
Visiki vipo hadi leo.
Sisi nasi hatukwenda.

Alifika saa nane kasoro robo,
viatu kavifuta kwa upindo wa khanga, khanga imebaki na alama.
"Mbukwenyi," akatusalimu wote, hata mlinzi.
"Nimewahi, baba. Nimewahi saa nzima na ushei."
Akafungua kitabu cha nyimbo, akatoa wito uliokunjwa mara nne,
akaweka kidole juu ya 09:00.
"Hapa. Saa tisa."

Nifanyeje mimi?
Kwao hesabu huanza jua linapochomoza,
mtu ameshika jembe, anaona.
Kompyuta yetu huanza katikati ya usiku,
hakuna aliye macho wa kushuhudia.
Wito ule niliuchapa mimi.
Muhuri ni wa mahakama; sahihi ni yangu,
ina kijimkia nilichojifunza darasa la sita.

Nikamwambia, mama, imeshaitwa.
"Imeitwaje, na mwenye kuitwa ndiye mimi?"
Nikamweleza siku thelathini, maombi ya kuirejesha rufaa,
kiapo, sababu ya kutosha.
Alisikiliza kama mtu anayeelekezwa njia ya mji asioujua,
akitikisa kichwa kila kona.
Kisha akauliza:
"Na hizo siku thelathini, zinaanza saa ngapi?
Saa yenu au yetu?"

Sikucheka. Mlinzi alicheka, kisha akaacha.

Aliketi kwenye benchi mpaka saa tisa ilipofika kweli.
Sijui alikuwa akingoja nini. Labda aliitaka tu ile saa,
maana aliamka gizani kwa ajili yake,
akalipa nauli kwa ajili yake.
Ilipopita akainuka, akaaga.

Sasa ofisi imefungwa, nami nimo ndani.
Najua wakili atasema: kutokujua si udhuru.
Najua pia ni nani anayeweza kumjibu.
Kwenye kioo nimechapa:
Mimi, Ndahani Chibago, mtu mzima, Mkristo,
karani wa mahakama hii, naapa na kueleza kama ifuatavyo:
Moja. Kwamba ndimi niliyeandaa wito.
Mbili. Kwamba

Nina watoto wanne na miaka sita kabla ya kiinua mgongo.
Saa ya ukutani inasema saa tatu na dakika nne, usiku.
Kwa hiyo ni saa tatu kamili.
09:00, ingesema kwa mama Perisi.
21:00, inasema kwangu.
Kidole changu kipo juu ya herufi.