Mililita Tatu

Gramu mia tisa na kumi.
Muuguzi Uranbileg aliitamka kama bei,
kisha kwenye kadi, mahali pa jina, akaandika: Nergui.
Ni bibi yako aliyeagiza kwa simu kutoka jangwani
usipewe jina la kuvutia macho.
Nergui. Asiye na jina.
Kifo kikipita wodini na orodha yake
kisome hapo, kidhani hakuna mtu.

Njiti, ndivyo waitwavyo walioiwahi zamu yao,
na kweli vidole vyako vilikuwa njiti za kiberiti,
kumi, hazijawashwa.
Nje, Ulaanbaatar imezama katika moshi wa makaa,
baridi nyuzi thelathini chini ya sifuri,
nawe ndani ya sanduku la kioo, ngozi ganda la kitunguu,
kofia niliyokufumia imekumeza mpaka kidevuni.

Kila baada ya saa tatu, nakamua.
Saa tisa usiku, viti vinne vya plastiki,
wanawake wanne tusioangaliana,
mashine zinakoroma kama mbwa wazee.
Siku ya kwanza, chupa kavu. Ya pili, kavu.
Ya tatu, tone moja la manjano limeng'ang'ania ukingoni.
Uranbileg akalifyonza kwa bomba la sindano, asiache hata alama.
"Usiliite kidogo," akasema.

Nilipofikisha mililita tatu, mkono ukatetemeka,
zikamwagika zote sakafuni.
Nikaukumbuka upawa mzima wa maziwa
ambao bibi yako huirushia mbingu kila alfajiri.
Nikasema kwa hasira, nimepiga magoti na kitambaa:
haya, chukueni na hizi.

Wakaniambia: leo utambeba kama kangaruu.
Mimi kangaruu sijawahi kumwona.
Niliyemwona ni baba yangu, mwezi wa tatu, kwenye theluji,
akirudi kutoka malishoni kifua kimevimba,
anafungua mkanda wa joho
na wanakondoo wawili wa siku moja wanatoa vichwa,
wananuka damu na sufu mbichi.
Basi nikafungua vifungo.
Wakakulaza kifuani pangu pamoja na waya zako zote,
na ile kengele iliyolia tangu asubuhi
ikanyamaza ghafla, hata wakaja mbio
kuangalia kama mashine imekufa.
Haikuwa imekufa. Ulikuwa umelala.

Kisha hospitali ikataka kitanda changu.
Nikawa nakamulia kwa shangazi, kando ya jiko,
na Ganzorig, baba yako, akipanda basi la kwanza
chupa ameificha chini ya fulana, kwenye ngozi,
isigande njiani.
Abiria wakidhani ameficha pombe.
Hakuwahi kuwasahihisha.

Mwezi wa pili maziwa yakakatika.
Sikumwambia mtu, nilimpigia mama tu.
Hakuniuliza nimekula nini. Hakunishauri kitu.
Akaanza: toig, toig, toig,
ule wimbo anaomwimbia kondoo aliyemkataa mwanawe,
taratibu, kutwa nzima ikibidi,
mpaka mnyama ainamishe shingo amnuse.
"Mama," nikasema, "mimi si kondoo."
Toig, toig.
"Mama, sijamkataa."
Toig.
Sijui tulikaa hivyo muda gani.
Salio lilikuwa lake, na mama huhesabu kila senti.
Nilipokata simu, gauni lilikuwa limelowa mpaka kiunoni.

Leo, kilo moja na gramu mia nane.
Mpira wa puani umetolewa, shavu lina alama ya plasta.
Ukashika. Ukaachia. Ukakunja uso kama mzee aliyeonjeshwa chai baridi.
Ukashika tena, ukavuta mara nne,
nilizihesabu, nne,
ukasinzia kazini, mdomo wazi,
tone likaning'inia na sikulifuta.

Uranbileg anauliza, kalamu mkononi,
kama tubadilishe sasa jina kwenye kadi.
Jina ninalo. Nimelala nalo wiki tisa.
Bado, nikamwambia.
Huko nje theluji haijaisha.