Safu Nne

Fomu ya maktaba ina safu nne:
mwaka, jina, kampuni, dakika.
Najaza kwa kalamu ya benki, mezani pa mama,
hapa Toledo, Ohio, theluji imeziba dirisha la jikoni
na bomba la joto linagonga ukuta kama mdai.

1994. *Kabatini.* Kampuni: hakuna. Dakika thelathini na moja.
Safu haziniulizi kabati lilikuwa la nini.
Lilikuwa la makoti.
Lamonte alijifungia humo na kinasa sauti cha kuazima
kwa sababu sufu hula mwangwi.
Alijiita Kilowati mwezi uleule tuliokatiwa umeme.
Mama akigonga mlango: unamfokea nani humo?
Ukitega sikio wimbo wa tatu utamsikia akikohoa,
katoka zamu ya usiku, vumbi la kiwanda cha vioo kifuani.
Kikohozi hakikufutwa. Kanda ilikuwa moja.
Tukatoa nakala arobaini kwenye redio ya Mjomba Cleotis,
majina niliandika mimi, kwa mkono,
na hadi leo herufi K inaniuma kidole.

1997. *Giza la Kukopa.* Kampuni: buti la gari.
Nakala elfu tatu, uso kwa uso,
kwa vinyozi, kituo cha mafuta, nje ya kanisa
hadi shemasi alipomfukuza, kisha akanunua mbili.

2001. *Kioo Moto.* Kampuni ya Atlanta, jengo lina lifti tatu.
Wakamnyoosha ulimi, wakampiga pasi,
wakamkodishia binti wa kuimba kiitikio.
Ikashika nafasi ya kumi na tisa nchi nzima, wiki moja.
Akamletea mama jokofu linalojitengenezea barafu.
Mama akatazama nje, Januari ile, akasema:
barafu tunayo.

2004. Hapa kalamu inasita.
*Barua kwa Zamu ya Usiku.* Dakika: sijui.
Kampuni iliuzwa, aliyeinunua naye akauzwa,
na kanda imekaa kwenye kabati la chuma huko kusini
kama kichanga kinachozuiliwa wodini kwa deni la hospitali.
Nimewahi kuisikia mara moja, garini, ikinyesha.
Sikumbuki neno hata moja. Nakumbuka vifuta kioo
vikienda sawa na ngoma.

Kisha 2005 mpaka 2011.
Fomu ya mfano inasema: *hakutoa kitu.*
Si kweli.
Alitoa theluji Mtaa wa Dorr saa kumi alfajiri, gari la manispaa.
Alitoa takataka za wapangaji wanne.
Alitoa talaka, akatoa nusu ya mshahara,
alimtoa mama bafuni, mikononi, mara mbili,
na mara ya pili hakumrudisha chumbani, alimpeleka hospitali.

2012, nyimbo sita, bure, mtandaoni.
Ya mwisho ni ujumbe wa simu tu:
*Lamonte, umekula?*
Sekunde nne. Watu laki mbili wameusikiliza.

2016. *Makoti.* Dakika kumi na tisa.
Kabati lilelile. Ila makoti tulishayagawa kanisani baada ya mazishi,
na sauti yake inagonga mbao, inamrudia.
Wimbo wa tatu, katikati ya mstari, ananyamaza.
Bi Wojcik wa maktaba amenipigia:
samahani, pale pana hitilafu ya mkanda?
Nikamwambia, mama, hapo aliacha nafasi ya mtu.
Nikasikia kalamu yake ikiandika, kisha ikikata.

Msinipe pole, jamani. Yu hai.
Amelala sebuleni na buti zake, saa kumi analiwasha gari la theluji.
Jana aliisoma orodha hii, akacheka,
akasema dakika nimekosea, *Kabatini* ni thelathini na mbili,
nimesahau ile ya mwanzo anayotafuta kitufe gizani.
Nimesahihisha.

Sasa anakoroma, chini, kwa mapigo,
akivuta, akikawia, akiachia.
Kidole kiko juu ya fomu.
Hii nayo sijui niiweke safu gani.